Studio iliyofunga kamera lakini haikufunga stoo

Leo sina drama ya mtu kuibiwa kontenti wala mambo ya nani ameblokiwa na nani. Leo nataka tuongee kuhusu kampuni moja ya filamu ya Ufilipino inayoitwa LVN Pictures. Najua unajiuliza Ufilipino imetoka wapi. Nipe dakika kumi tu. Ukifika mwisho na hujaenda kuangalia video zako umezihifadhi wapi, nidai smokie.

Lawama zote ni za mathe. Kama umelelewa Kenya kwenye nyumba yenye runinga moja, unajua kulikuwa na saa ya tamthilia, na hiyo saa hakuna mtu anagusa rimoti. Kulikuwa na za Mexico, halafu zikaja za Ufilipino, na ile iliyommaliza mathe kabisa ni The Promise, yaani Pangako Sa 'Yo, ya Yna na Angelo. Hiyo ilitengenezwa na kampuni ya ABS-CBN kati ya 2000 na 2002. Mpaka leo ukimtajia Angelo, mathe anashika kifua kama ni mtu aliyemwacha yeye mwenyewe.

Sasa, mwezi wa tatu diski yangu ilikufa. Ile ya nje, ya kuhifadhi kazi. Ilianguka kutoka mezani, ikalia tik tik tik, ikanyamaza. Ndani yake kulikuwa na miaka miwili ya kazi yangu. Nyingi ni upuzi, nikubali. Lakini kulikuwa na kitu kimoja ambacho si upuzi: shosho akiongea. Nilimrekodi ushago, amekaa nje ya jikoni anachambua maharagwe, kwa saa moja na dakika kama ishirini. Alinieleza vile alikuja pale akiwa msichana, vile shamba lilipatikana, nani alizikwa wapi, na kwa nini hakuwahi kusema na ndugu yake mmoja mpaka huyo ndugu akafa. Shosho mwenyewe alitutoka Novemba.

Kilichobaki ni klipu ya sekunde 58 niliyokuwa nimeiposti. Na hiyo klipu, haki ya Mungu, nilikuwa nimeiwekea biti juu. Shosho anaongea na mimi nimemfunika na ngoma kwa sababu nilisoma mahali kwamba watu hawakai kwenye video isiyo na muziki. Nikikaza masikio nasikia maneno kama manne.

Fundi aliniambia kufungua hiyo diski itanigharimu kuliko laptopu yangu, na hata nikilipa hakuna uhakika. Nikarudi kejani nikalala siku mbili.

Siku ya tatu mathe akapiga simu, na ili tusiongee juu ya shosho tukaongea juu ya Yna na Angelo. Usiku nikaanza kutafuta: hawa watu wa Ufilipino, filamu zao za zamani ziko wapi? Mtu aliyelala siku mbili hutafuta vitu vya ajabu. Nikaangukia chaneli moja kwenye Vimeo inayoitwa Casa Grande Vintage Filipino Cinema. Imejaa filamu za nyeusi na nyeupe, bure kabisa, nyingi zikiwa na zile herufi tatu: LVN. Nikauliza, LVN ni nani? Nikakuta ni hadithi ya shosho mwingine.

Herufi hizo ni majina ya familia tatu: de Leon, Villongco na Navoa. Kampuni ilianzishwa 1938 huko Manila, wakati Ufilipino bado iko chini ya Marekani. Kichwa chake alikuwa mama mjane kutoka mkoa wa Bulacan, Narcisa de Leon, ambaye kila mtu alimwita Doña Sisang. Alikuwa na miaka kama sitini. Hakuwa dairekta, hakuwa mwigizaji, hakuwa amesomea mambo ya kamera. Alikuwa mtu wa mashamba na biashara. Kwa umri ambao kwetu watu wanakuambia ukae chini ulee wajukuu, yeye akaingia kwenye filamu.

Nilipofika hapo ilibidi nisimame. Kwa sababu nilipoacha chuo mwaka wa pili, nyumba nzima iliniona nimepotea. Buda hakuongea na mimi wiki tatu. Aliyetoa pesa za kamera yangu ya kwanza ni shosho, kutoka kwa mgao wake wa chama. Hakuelewa ninachofanya. Aliuliza swali moja tu: "Hiyo kitu itakulisha?" Nikasema ndiyo. Akahesabu noti, akanipa. Kwa hivyo nikisoma kuhusu mama wa miaka sitini anayeweka pesa kwenye kazi ya vijana wanaoimba na kubusu hewa mbele ya kamera, sikusoma kama historia. Nilisoma kama barua ya nyumbani.

Filamu yao ya kwanza ilitoka 1939. Inaitwa Giliw Ko, maana yake ni kama "Mpenzi Wangu". Dairekta ni Carlos Vander Tolosa, na nyota ni msichana mdogo sana, Mila del Sol, akicheza msichana wa kijijini anayeenda Manila kutafuta maisha ya kuimba, akimwacha mpenzi wake shambani. Niliitazama yote. Sauti inakwaruza, nyimbo ni nyingi kuliko nilivyozoea, na bado kuna mahali nilijikuta nikisema, "Dada, rudi nyumbani, huyo mwanaume wa mjini hakufai." Miaka zaidi ya themanini baadaye, mtu yuko kejani Nairobi anashauri mtu wa Ufilipino.

Mwaka wa 1941 wakatoa Ibong Adarna, kutoka kwa hekaya yao ya zamani: mfalme anaugua, dawa yake ni wimbo wa ndege wa ajabu, na wana watatu wa mfalme wanatumwa kumtafuta. Ndege akikunyea wakati umelala, unageuka jiwe. Filamu yenyewe ilikuwa nyeusi na nyeupe, lakini sehemu za yule ndege walizipaka rangi kwa mkono. Nataka ufikirie hiyo kazi kidogo. Sekunde moja ya filamu ni picha ishirini na nne. Kuna watu walikaa chini na brashi, picha baada ya picha, ili ndege apendeze. Majina yao sikuyaona popote. Kumbuka hao watu, tutarudi kwao.

Desemba mwaka huohuo Japani ikavamia Ufilipino na kazi ikasimama. Vita vilipoisha 1945, Manila ilikuwa kifusi. LVN ikarudi kazini, na miaka iliyofuata ndiyo ilikuwa miaka yao ya dhahabu. Wakubwa walikuwa wanne: LVN, Sampaguita, Premiere na Lebran. Kila studio ilikuwa na nyota wake chini ya mkataba, kama vile timu za mpira zina wachezaji. LVN ilikuwa na Rogelio de la Rosa, ambaye umaarufu ulimpeleka mpaka akachaguliwa seneta 1957. Kwa hivyo ukiona msanii wetu anasimama ubunge usifikiri tumevumbua kitu. Ilikuwa na Nida Blanca na Nestor de Villa, ile kapo ambayo watu walilipa kuiona ikicheza dansi hata hadithi iwe nyembamba kama chapati ya hoteli.

Doña Sisang alipenda filamu za namna hiyo. Vijiji, nyimbo, mavazi ya asili, wafalme na mabinti wa hekaya, mwisho mwema. Wakosoaji wanaweza kusema ni sukari, na ni kweli ni sukari. Lakini sukari ililipa bili. Na pesa ya sukari ndiyo iliyofanya studio iweze kutengeneza filamu zingine ambazo hazikuwa na sukari hata kidogo, na hapo mwanawe Manuel de Leon, aliyeendesha studio naye, alikuwa na mkono wake.

Mfano ni Anak Dalita ya 1956, dairekta Lamberto Avellana. Waliipigia ndani ya magofu ya Intramuros, mji mkongwe wa Manila uliobomolewa na vita. Mwanajeshi anarudi kutoka vita vya Korea akiwa na mkono mbovu, anamkuta mama yake anakufa katikati ya maskini wanaoishi kwenye kanisa lililovunjika. Anampenda mwanamke anayefanya kazi baa. Hakuna binti mfalme. Filamu hiyo ilichukua tuzo ya filamu bora kwenye tamasha la filamu la Asia huko Hong Kong mwaka huohuo. Halafu 1959 kukaja Biyaya ng Lupa, "Baraka za Ardhi", ya dairekta Manuel Silos: mume na mke wanaopanda miti ya matunda ya lanzones, wanazaa watoto, wanalinda shamba. Hiyo ilipelekwa Berlin 1960 kushindana na filamu za dunia nzima. Ile ya shamba ndiyo ilinivunja. Kila nilipomwona yule mama akitazama miti yake, niliona shosho na migomba.

Sasa nikija hapa nilikuwa tayari kuandika posti tamu. Unajua ile: shosho jasiri, studio ya ndoto, mwisho mwema. Ningeweka picha ya zamani na maneno ya kutia moyo. Lakini nikaendelea kusoma, nikakutana na wanamuziki.

Filamu za LVN, si nimesema zilijaa nyimbo? Nyimbo zinapigwa na watu. Hao watu hawakuwa kwenye mabango. Walikuwa wanaitwa kwa kila filamu: njoo siku fulani, saa fulani, tupige muziki wa filamu fulani. Wanarekodi, wanalipwa ya siku hiyo, wanaenda. Wakaunda chama chao, Philippine Musicians Guild, wakataka kampuni za filamu zikubali kujadiliana na chama juu ya malipo na masharti. LVN na wenzake Sampaguita na Premiere wakajibu kitu ambacho kama umewahi kufanya kazi za mkono kwa mkono Nairobi utakijua hata ukiwa usingizini. Walisema: sisi hatuna wanamuziki walioajiriwa. Wanaletwa na kiongozi wa muziki, na huyo ni mkandarasi huru. Shida zao wamalizane na yeye.

Kesi ikapanda mpaka Mahakama ya Juu ya Ufilipino. Hukumu ilitoka tarehe 28 Januari 1961, na jina la kampuni ya Doña Sisang liko juu kabisa ya kesi. Mahakama ilikataa hoja ya studio. Iliuliza swali rahisi: nani anaamua kazi ifanyike vipi? Karatasi za kuitwa kazini zilitoka kwa kampuni. Pale studio, aliyesimamia kurekodi mpaka vitu vidogo ni dairekta wa filamu, na dairekta ni mtu wa kampuni. Kama wewe ndiye unamwambia mtu aje lini, apige nini na apige vipi, basi huyo ni mwajiriwa wako, hata ukimwita jina lingine. Mpaka leo ile kesi inatajwa kwenye sheria za kazi za Ufilipino.

Niliisoma saa nane usiku na nikahisi joto kwenye masikio. Kwa sababu hata mimi nina mwanamuziki wangu.

Kuna jamaa hunifanyia sauti. Tulianza naye tukiwa chuo, yeye alimaliza, mimi sikumaliza. Kila video yangu iliyowahi kufanya vizuri, yeye ndiye alitoa kelele za matatu kwenye mahojiano, akasawazisha sauti, akafanya nisikike kama mtu mwenye studio na si mtu aliyejifunika blanketi. Mimi ndiye humwambia alete lini. Mimi ndiye humwambia "hapo punguza, hapo ongeza, rudia." Malipo? Wakati mwingine namtumia kitu. Wakati mwingine namwambia "tusukume tu boss wangu, hii ikilipa tutagawana." Hesabu ya ukweli ni kwamba nilikuwa na deni lake la video tano. Jina lake sikuwahi kuliweka hata chini ya video, na kuandika jina ni bure. Watu wakiuliza niko na timu, nasema, "Ah, ni mimi tu na Mungu."

Na mimi ndiye huyohuyo nimeposti mara ngapi, nikilia kwamba makampuni yanatutumia sisi wa kontenti na kutulipa kwa "umaarufu". Hiyo posti mliipenda sana. Asanteni.

Nitarudi kwake. Wacha kwanza nimalize LVN.

Mwaka huohuo wa hukumu, 1961, LVN iliacha kutengeneza filamu. Sisemi hukumu ndiyo iliifunga. Mambo yalikuwa mengi: gharama zimepanda, nyota wamegundua wanaweza kuondoka wawe huru na hata wafungue kampuni zao, na sinema za Hollywood zimejaa kumbi. Ule mfumo wa studio kubwa yenye watu wake ulikuwa unakufa. Kwa kampuni nyingi hapo ndipo hadithi huisha. Unauza mashine, unafunga geti, filamu zinabaki kwenye stoo ya mtu mpaka stoo ipate mpangaji mwingine.

LVN haikufunga stoo. Ilizima kamera lakini maabara ikabaki wazi: mahali pa kuosha filamu, kuchapisha nakala, kuweka sauti. Watu wengine walipiga filamu zao, wakazileta LVN zimaliziwe. Na hiyo kazi ya nyuma ya pazia, isiyo na nyota wala bango, iliendelea mpaka 2005. Fanya hesabu. Walitengeneza filamu mfululizo kwa miaka ishirini na kitu, ukitoa ile ya vita. Walihudumia kazi za wengine miaka arobaini na minne. Kwa muda, LVN ni maabara kuliko ilivyo studio.

Na ndani ya hiyo maabara alikua mjukuu. Jina lake Mike de Leon, mtoto wa Manuel. Yeye ndiye alikuja kuwa prodyuza na mpiga kamera wa Maynila sa mga Kuko ng Liwanag ya 1975, dairekta Lino Brocka. Kijana wa kijijini anaingia Manila kumtafuta mpenzi wake na mji unamtafuna. Ukiiweka karibu na Giliw Ko utaona ni safari ileile ya kijijini kwenda mjini, ila hii haina sukari. Mwaka wa 1977 Mike akarudisha jina la LVN kwenye skrini na filamu aliyoielekeza mwenyewe, Kung Mangarap Ka't Magising, halafu akatengeneza zingine kali sana kama Kisapmata ya 1981.

Lakini kitu ninachomheshimia zaidi ni kimoja. Negativu ya Maynila, yaani ile filamu yenyewe iliyopita ndani ya kamera, ambayo nakala zote huzaliwa kutoka kwayo, ilipelekwa kuhifadhiwa Uingereza, kwenye hifadhi ya BFI, mapema miaka ya themanini. Kwa nini mtu atume filamu yake mbali hivyo? Kwa sababu filamu huoza. Joto na unyevu huiua. Inaanza kunuka siki, inajikunja, inakuwa brito kama mabati yaliyoliwa na kutu. Zile za zamani zaidi zilikuwa za naitreti, ambayo inashika moto haraka. Ongeza vita, mafuriko, na watu wasiojali. Filamu zilizotengenezwa Ufilipino kabla ya vita zilikuwa mamia. Zile zilizobaki nzima unazihesabu kwa vidole, na mbili kati yake ni za LVN: Giliw Ko na Ibong Adarna.

Kwa vidole, wasee. Hebu fikiria nyota wote wa wakati ule, wale waliokuwa wakisukumana na mashabiki mlangoni mwa ukumbi. Walikuwa na watazamaji kuliko mimi na wewe tutakavyowahi kuwa nao. Wamefutika kwa sababu hakuna aliyekumbuka stoo.

Ile Giliw Ko niliyoitazama ilikarabatiwa 1998 kwa msaada wa hifadhi ya filamu ya Australia. Maynila ilikarabatiwa kutoka kwa negativu ile iliyokuwa Uingereza, kazi ikafanywa Bologna, Italia, na 2013 ikaonyeshwa tena Cannes. Na ile chaneli ya Vimeo iliyoniokoa usiku ule ni ya Mike de Leon mwenyewe. Mzee amekaa na filamu za shosho wake, akaziweka bure kwa yeyote mwenye bando. Alifariki Agosti 2025. Filamu zenyewe, nyingi za LVN, ziko chini ya ABS-CBN, ndiyo, ile ya Yna na Angelo. Wana mradi unaoitwa Sagip Pelikula, "Okoa Filamu", wa kukarabati za zamani. Na hao nao 2020 walizimwa hewani baada ya kukosa kuongezewa leseni. Kwa hivyo hata mtunzaji anaweza kuzimwa. Ndiyo maana nakala moja si nakala.

Sasa nirudi kwa jamaa wangu wa sauti.

Asubuhi ile baada ya kusoma kesi ya wanamuziki, nilimtumia pesa za video tano zote. Zilikuwa karibu kodi yangu ya mwezi. Nikamwandikia ujumbe mrefu wa kuomba msamaha, nikaufuta, nikaandika mfupi: "Hizi ni zako za kitambo. Pole nimechelewa." Sikumwambia kuhusu diski. Sikutaka aone kama namlipa ndiyo nimuombe kitu.

Alipiga simu baada ya dakika kumi. Alifikiri nimekosea namba. Tukacheka, tukaongea, na mwishoni akaniuliza ile mahojiano ya shosho iliishia wapi, kwa sababu aliona niliposti kipande tu. Nikamwambia imeenda. Diski imekufa. Kukawa kimya. Halafu akasema, "Lakini si ulinitumia sauti yote nikusafishie kelele za kuku?"

Nilikuwa nimesahau. Nilimtumia saa nzima na dakika ishirini, nikamwambia achague sehemu nzuri, halafu nikachukua sekunde 58 na sikumlipa. Yeye hajawahi kufuta faili ya mtu. Akasema hivyo kama kitu cha kawaida tu: "Mimi sifuti kazi ya mtu, buda. Na hiyo ya shosho ningeifuta vipi?" Alikuwa ameisafisha yote. Hata zile dakika ambazo hakuna aliyemwomba.

Picha ya shosho haiko. Vile alivyokuwa akipepeta maharagwe na kunitazama kwa jicho moja akisema uongo kidogo, hiyo imeenda na hairudi. Lakini sauti iko, mwanzo mpaka mwisho, na kuku wamepunguzwa. Nilipeleka ushago Pasaka. Tulikaa nje ya jikoni, mathe, shangazi wawili na buda. Tukasikiliza yote bila biti. Alipofika ile sehemu ya ndugu yake ambaye hawakusemezana, buda aliinuka akaenda kuangalia ng'ombe. Hatuna ng'ombe tangu 2019.

Ningependa kukuambia kwamba Doña Sisang alikuwa malaika. Hakuwa. Alitengeneza vitu vizuri, na kampuni yake ikapigana mpaka Mahakama ya Juu ili isiwatambue watu waliovipigia muziki. Yote mawili yako ndani ya mama mmoja. Wala sitaki kumtupa kwa sababu hiyo, kwa sababu bila stoo yake mimi nisingekuwa na la kuwaambia. Ninachokataa ni ile tabia yetu ya kusimulia kampuni kwa nyota na mwanzilishi peke yake. LVN imetufikia kwa mikono ya waliopaka ndege rangi, waliopiga fidla kwa karatasi ya kuitwa, walioosha negativu gizani miaka arobaini. Sisi wa kontenti tunapenda sana kusema "nimejijenga mwenyewe." Mimi nilikuwa nasema. Nimeacha.

Kwa hivyo mambo mawili, halafu uende. Kwanza, chukua kile kitu kimoja usichoweza kurekodi tena. Unakijua. Kiweke mahali patatu: kwako, kwenye intaneti, na kwa mtu mwingine anayeishi nyumba tofauti na yako. Usingoje wikendi.

Pili, fungua simu uangalie nani ulimwambia "tusukume tu". Mlipe. Kama huna, mwambie lini utakuwa nayo, na uandike jina lake leo.

Sauti ya hii posti, ile toleo la kusikiliza, imefanywa na jamaa wangu. Hataki jina lake litajwe, anasema ana waajiri wengine na hataki maswali. Lakini amelipwa, na amelipwa kabla ya kuanza.